Wakifuata Kiua cha Zambarau

Ukungu ulishuka ghafla kama pazia, na hapo ndipo mchoraji alipogundua kwamba hakuna aliyekuwa akiangalia njia. Tangu asubuhi yeye na wifi yake, fundi cherehani aliyeolewa na kaka yake, walikuwa wameinama wakitafuta kiua cha zambarau, kidogo kama kifungo cha shati, kinachoota kwenye miamba ya mlimani inayolowa mwaka mzima. Ulikuwa umebaki mchoro wa kiua hicho tu ili kitabu chake kikamilike. Kila mmoja alidhani mwenzake ndiye anayeshika njia.

Waligeuka, wakaanza kurudi wakipapasa. Fundi akakanyaga jiwe lenye utelezi, akaporomoka hadi vichakani, na mfuko wa chakula ukaendelea na safari peke yake.

Mchoraji alimfuata akijiburuta kwa makalio. Kifundo cha mguu wa wifi yake kilikuwa kimeshavimba. Alikifunga kwa kitambaa cha kichwani, huku fundi, meno yakigongana, akimwambia kwamba fundo lile lisingeshika hata gunia. Akalifunga upya mwenyewe. Kisha akaokota soksi zake za sufu alizokuwa amezivua, akamlazimisha mchoraji azivae, maana mwenye miguu mizima ndiye atakayefanya kazi.

Waliita mpaka sauti zikakauka. Fundi alikuwa amelowa mwili mzima kwa maji ya vichakani na midomo imempauka. Mchoraji alijua kwamba giza likiwakuta pale, wifi yake hatafika asubuhi.

"Wifi, ukinyamaza naogopa."

"Basi nitakusema. Kaka yako alinituma nikulinde usipotee. Sasa nani atamwambia?"

Mchoraji alicheka, akashika mwamba ili ainuke, na kiganja chake kikagusa kitu laini. Kilikuwa kile kiua. Chini yake kulikuwa na kingine, na kingine, vikishuka kwenye ufa uliokuwa ukivuja. Hakutoa penseli. Viua vilifuata maji, na maji yangewafikisha kwa watu.

Wakashuka taratibu, fundi akining'inia begani kwake. Viua vilipopinda, nao walipinda. Mahali fulani mwamba ulikauka, vikapotea; walirudi nyuma kwa magoti mpaka wakaiona tena ile zambarau, na fundi akakisalimia kiua kama jirani wa siku nyingi.

Mwisho wa ufa walikuta chemchemi imejengewa saruji, na bomba nene likimeza maji ya kupeleka mjini. Mbele kulikuwa na ngazi za mawe, nyembamba na kali, zisizoshukika kwa mguu ule. Mchoraji alikaa chini afikiri. Fundi tayari alikuwa anavua sweta lake lililolowa.

"Tukiziba, mtu atakuja."

"Atatutukana, wifi."

"Akitutukana, atakuwa yupo karibu."

Walilisokomeza sweta kwenye mdomo wa bomba, wakajibanza ndani ya koti la mchoraji, wakasuguana mikono na kusimuliana aibu za kaka mtu tangu utotoni mpaka ndoani.

Jua lilikuwa linakaribia kuzama waliposikia matusi yakipanda mlima. Mtunza maji alitokea na koleo, akiapa kumzika mnyama aliyefia kwenye bomba lake. Alipouona mguu uliovimba, aliweka koleo chini. Akavua koti lake la mvua, akamfunika fundi, akachuchumaa.

"Panda mgongoni, mama."

Fundi alikataa mpaka kwanza atoe sweta kwa mkono wake mwenyewe. Huko chini, alisema, kuna watoto hawajaoga.

Walipofika mjini, bomba la nyumba ya kwanza lilikohoa, likatema upepo, kisha maji. Mwanamke akamtangazia jirani kwamba yamerudi, jirani akampasha mwingine, na habari ikawatangulia mtaa mzima. Mgongoni kwa mtunza maji, fundi alicheka mpaka machozi yakamtoka, mkono wa mchoraji ukiwa ndani ya wake. Hakuuachia hata mlangoni, ambako kaka mtu alisimama na povu la sabuni lililokaukia masikioni, akiuliza walikuwa wapi muda wote huo wakati nyumbani hakuna hata tone la maji.