Kivuko cha Reli ya Miwa

Nyumba ya Ramrati na mumewe Jagdeo ilikuwa karibu kabisa na reli ya miwa, nje kidogo ya mji wa Ba, Fiji. Reli ilikuwa kama ua wao. Ramrati alianika pilipili kandokando yake. Watoto waliifuata kwenda shule. Msimu wa miwa, treni ilipojikokota, waliikimbilia na kuchomoa miwa kwenye mabehewa. Anjila, binti yao wa miaka tisa, aliwashinda wote. Muwa wa kwanza alimpelekea mama yake.

Alasiri moja gauni la Anjila lilinaswa na behewa. Treni ilikuja kusimama mbali, darajani. Hospitalini walimkata mguu wa kushoto.

Ramrati aliacha kupika. Jagdeo alikwenda shambani na kurudi usiku. Majirani walileta mikate ya roti, ikakauka mezani.

Ndipo akaja jirani yao Semesa, aliyeendesha treni hizo miaka ishirini na sita kabla ya kustaafu.

"Nilimfundisha mwenyewe, kaka," Ramrati alisema. "Nilikula ile miwa, nikamsifu."

"Sote tuliila, dada."

Semesa akaeleza. Treni ya miwa haisimami kama baiskeli. Dereva hufunga breki, mabehewa yakaendelea kuisukuma injini kutoka nyuma. Upepo ukipeleka sauti kwingine, huisikii mpaka imekufikia.

"Na ule mwendo wa polepole ndio unaomvuta mtoto karibu," alisema. "Reli si njia, si uwanja. Watu wavuke mahali pamoja, peupe. Wasimame, watazame kulia na kushoto, wasikilize. Treni ikipita, wakae mbali mpaka behewa la mwisho liishe. Mtu asiguse behewa."

"Ungekuja kuyasema haya mwezi uliopita."

Semesa akainamisha kichwa. "Ilinipasa kuja."

Wiki ile wazazi wa mtaa ule walichagua kivuko kimoja, wakafyeka nyasi pande zote, wakapanga zamu za kuwavusha watoto. Ramrati alichukua zamu ya asubuhi, ingawa hakuwa na mtoto wa kuvusha. Msimu ukaisha, hakuumia mwingine. Watu walimshukuru. Akirudi nyumbani alimkuta Anjila kitandani, uso ukutani.

Shule zilipofunguliwa mwaka mpya, Anjila alitoka na magongo yake, mama yake kando. Miezi ile treni hazipiti. Hata hivyo alisimama kivukoni, akatazama kulia, akatazama kushoto, akasikiliza. Hakusogea.

"Mama," alisema, "nishike."

Ramrati akamshika. Wakavuka taratibu, watoto wengine wakingoja nyuma yao.