Wizi wa Sura ya Saba

Asubuhi, chai ikiwa bado inafuka moshi, Profesa alivuta droo akaikuta tupu. Sura ya Saba ya kitabu chake ilikuwa imetoweka, na kwenye kompyuta pia ilikuwa imefutwa. Alasiri alitakiwa kuisoma mbele ya kamati ya bunge ya mambo ya nje. Maisha yake yote alihubiri jambo moja: wabunge wasipitishe mkataba na taifa lolote kabla ya kuusoma. Sura ya Saba ndiyo iliyokuwa rungu lenyewe, la kuwapiga kwa mkataba mpya waliokwisha kuupitisha.

Sajenti aliitwa. Alikuja na mafua yake. Chafya ya mtu huyu ilizima mishumaa nyumba ya pili.

"Ni mchapaji wangu," Profesa alisema, bila kunyanyuka kitini. "Nani mwingine ana ufunguo wa droo na neno la siri la kompyuta?"

Sajenti alimheshimu Profesa kupita kiasi. Akasaini karatasi ya kumkamata mchapaji pale pale, na mama wa watu akapelekwa benchi la kituoni, mkoba kifuani, kazi yake imekwisha kabla chai haijapoa.

Ikabaki kumjua aliyemtuma. Mshukiwa alijileta kwa miguu yake: shemeji yake Profesa, mwenyekiti wa kamati ile ile, ambaye Sura ya Saba ilimwita bwege kwa lugha ya kisomi.

"Pole, shemeji!" Alinyoosha mkono. Profesa aliupokea akiwa ameketi vile vile. Sajenti akaliona, akaliweka akilini.

"Mheshimiwa, jana jioni ulikuwa wapi?"

"Nyumbani, nimempigia simu huyu huyu, namcheka! Kajitapa kwangu kwamba kaandika mkataba hauna kipengele cha kuurudisha bungeni kukaguliwa. Karani wa bunge kanionyesha: kiambatisho cha pili, kipo, kinang'aa. Halafu mimi niiibe? Nilikuwa naisubiri kama mtoto anavyosubiri pipi!"

Sajenti akageuka. "Profesa, mkataba wenyewe uliusoma?"

"Swali gani hilo! Nimeusoma mpaka nauota."

"Uko wapi?"

Profesa alitazama rafu, kisha dari. Sajenti alitazama chini. Feni ya kusimama ilikuwa na mguu mmoja mfupi, na chini ya mguu huo lilikaa buku nene lenye nembo ya wizara. Akalivuta, feni ikainamisha kichwa. Buku lilikuwa bado ndani ya nailoni yake, halijawahi kufunguliwa.

"Mwizi wa kweli angeichoma hiyo Sura," Sajenti alisema polepole. "Mwandishi hana moyo huo. Hebu simama, Profesa."

"Mgongo unaniuma."

"Hukusimama nilipoingia mimi, hukusimama alipoingia shemeji yako. Simama."

Akasimama. Chini ya mto wa kiti ilikuwepo Sura ya Saba, ina joto, imenyooka kama iliyopigwa pasi.

"Nilisoma muhtasari tu," Profesa alinong'ona. "Nimewatukana watu miaka yote kwa kosa hilo hilo. Ningewatazama kwa macho gani? Nikaona heri iibiwe."

"Na mama wa watu afungwe?"

Profesa alijifunika uso kwa viganja. Shemeji yake alianza kucheka.

"Na wewe, shemeji," sauti ikatoka nyuma ya viganja, "uliusoma kabla ya kupiga kura?"

Kicheko kikakatika. Mheshimiwa alianza kutafuta mlango. Siku ya kura, mkono wake ndio uliotangulia kunyanyuka.

Sajenti alirudi kituoni akijiona jogoo. Mchapaji alikuwa pale pale kwenye benchi.

"Mama, uko huru. Profesa alijiibia mwenyewe."

"Najua. Jana jioni aliuchukua ufunguo wangu, akaniambia niwahi nyumbani."

"Sasa mbona hukusema?"

"Nimwambie nani, baba? Ulisaini kabla hujaniuliza hata jina langu."

Sajenti akatafuta chafya ya kumwokoa. Haikuja.