Kikokotoo na Ndoo ya Ishirini

Kila asubuhi, kabla ya kuvaa viatu vya shule, Kikokotoo alikuwa na kazi yake bandani: kuondoa maranda yaliyolowa na kuosha vyombo vya kunyweshea vifaranga. Kikokotoo halikuwa jina alilopewa na wazazi wake. Alilipata darasa la nne, siku mwalimu alipoandika ubaoni hesabu ndefu ya kuzidisha, na yeye akataja jibu kabla mwalimu hajaweka chaki chini. "Huyu si mtoto," mwalimu akasema, "huyu ni kikokotoo!" Alimaanisha kile kifaa cha kubonyeza ambacho wenye maduka hukiweka mezani. Darasa zima likacheka, na jina likamganda. Sasa alikuwa darasa la sita, na hata mama yake mzazi alimwita hivyo.

Wapo watoto wanaochukia majina ya utani. Yeye alilipenda la kwake kuliko gauni jipya. Fundi baiskeli wa pale kona, wauza mboga, hata dereva wa lori la mchanga, wote walikuwa wakimsimamisha njiani na kumtupia hesabu, naye alijibu hata muulizaji hajafunga mdomo. Lakini kulikuwa na jambo ambalo hakumwambia mtu. Kila alipoulizwa, moyo ulimdunda. Aliogopa siku ambayo jibu litachelewa, watu wacheke, na jina limtoke. Kwa hiyo kila siku alijitahidi kujibu haraka zaidi ya jana.

Vifaranga walikuwa wa mama. Kwa miaka mingi mama alikuwa akitoka nyumbani gizani kwenda kufua nguo kwenye nyumba za watu, na vidole vyake vilikuwa vimepasuka kwa sabuni. Mwaka huo alijikaza, akajenga banda dogo nyuma ya jiko, akanunua vifaranga wake wa kwanza. Aliwalea kama watoto wachanga. Aliwawekea jiko la mkaa la kuwapa joto, na alijua yupi mlafi na yupi mvivu. "Hawa wakikua salama, sirudi tena kwenye mabeseni ya watu," aliwaambia wanawe. Kisha akaongeza, "Wakifa, basi tena."

Ndiyo maana nyumba nzima ilipoteza amani siku mama alipoona damu kwenye mavi ya vifaranga. Jioni hiyo hiyo alikwenda kwenye duka la dawa za mifugo. Mwenye duka, mwanamke mnene mwenye koti jeupe ambaye mtaa mzima ulimwita Mama Dawa, alimpa pakiti ya unga wa njano. "Kijiko kimoja cha chai kwa kila lita mbili za maji," alimwambia. "Usipunguze na usizidishe."

Asubuhi iliyofuata Kikokotoo alikuwa mlangoni, mkoba mgongoni, anafunga kamba ya kiatu. Mama akamwita kutoka bandani.

"We Kikokotoo! Kijiko kimoja kwa lita mbili. Ndoo ya ishirini, vijiko vingapi?"

"Kumi!"

"Una hakika?"

"Mama jamani! Umewahi kusikia nimekosea?"

Kaka yake, ambaye alikuwa ameishika ndoo iliyojaa maji, akacheka. "Muache aende, mama. Hiyo mashine haijawahi kuharibika." Kikokotoo akakimbilia shule akiwa na furaha ya mtu aliyesifiwa asubuhi na mapema. Nyuma yake mama alianza kuhesabu vijiko.

Aliporudi mchana, alijua kuna jambo hata kabla ya kuweka mkoba chini. Siku zote kelele za vifaranga zilimpokea uani. Siku hiyo banda lilikuwa kimya. Alimkuta mama amechuchumaa juu ya maranda, kanga imemtoka kichwani naye hana habari. Vifaranga walikuwa wamejikunyata kwenye kona moja, mabawa yameshuka, macho yanafumba na kufumbua. Karibu na mlango, juu ya kipande cha gunia, walilala wachache ambao hawangeamka tena.

"Wanaumwa zaidi, mama?"

"Hawanywi," mama akasema. Sauti yake ilikuwa imekauka. "Tangu asubuhi. Wanagusa maji, wanatikisa kichwa, wanaondoka. Na jua lote hili!" Akainuka ghafla na kujifunga kanga kiunoni. "Yule Mama Dawa ameniuzia dawa mbovu. Nitamwendea dukani kwake sasa hivi, mtaa mzima usikie."

"Pengine si mbovu, ni hafifu tu," kaka akasema. Alikuwa amesimama kando akikuna kichwa, naye hofu ilikuwa imemwingia. "Tukiongeza je? Tuwachanganyie yenye nguvu, tuwatie mdomoni kwa lazima."

Mama akafikiri. Aliwatazama vifaranga, akaitazama pakiti. Mtu akishikwa na hofu hukubali chochote kinachofanana na msaada. "Sawa," akasema. "Tuongeze mara mbili. Kikokotoo, kalete ile ndoo."

Ndoo ilikuwa nyuma ya jiko, imeegemezwa ukutani. Kikokotoo alikuwa ameiona kila siku kwa muda mrefu kiasi kwamba alikuwa ameacha kuitazama. Iliwahi kuanguka kutoka kwenye baiskeli ya kaka, mdomo ukapasuka vibaya, ufa ukashuka hadi katikati. Kaka hakuitupa. Aliikata kwa msumeno chini ya ufa, akalainisha ukingo kwa chuma cha moto, akatoboa matundu mapya ya mshikio. Ikawa ndoo fupi, pana, ya kuchekesha. Lakini pale nyumbani iliendelea kuitwa ndoo ya ishirini, kama vile mjomba wao mwenye mvi alivyoendelea kuitwa Katoto.

Alipoishika, alisimama. Kichwani mwake hesabu ilijifanya yenyewe, bila kuulizwa na mtu. Ndoo ilikuwa imebaki nusu. Nusu ya ishirini ni kumi. Lita kumi, vijiko vitano.

Walikuwa wametia kumi.

Alijikuta amekaa juu ya ngazi ya jiko, ndoo iko mapajani. Aliona sura ya mwalimu, aliona darasa zima likigeuka kumtazama, akasikia kicheko cha fundi baiskeli. Kikokotoo kimeua kuku wa mama yake! Kisha likaja wazo jingine, tamu na baya. Hakuna aliyejua. Mama alikuwa ameshamlaumu Mama Dawa. Angeweza kuipeleka ndoo, kukaa kimya, na lawama zingekwenda dukani zenyewe.

"Mbona umekawia? Umeenda kuifinyanga?" kaka akapaza sauti.

Akarudi bandani akiburuta miguu. Mama alikuwa tayari, pakiti mkono mmoja, kijiko mkono mwingine. Unga wa njano ulikuwa umemwagikia vidole.

"Haya mwanangu, harakisha. Tukiongeza mara mbili ya asubuhi, vijiko vingapi?"

Jibu lilikuwa mdomoni. Lilikuwa jibu jepesi kuliko yote aliyowahi kuulizwa, na mtoto wa darasa la pili angelijua. Kikokotoo hakulitoa. Mama akasubiri. Kaka akamtazama kwa mshangao.

"Leo betri zimekwisha?" akauliza, lakini hakuna aliyecheka.

Kifaranga mmoja alikuja akiyumba hadi karibu na kiatu cha Kikokotoo, akaegemea hapo, akaanguka ubavu. Hakuweza kusimama tena. Mama akaingiza kijiko kwenye pakiti.

"Mama, usitie!" Sauti ilimtoka kubwa kuliko alivyotaka. "Usitie hata kimoja! Dawa si mbovu. Tumezidisha. Mimi ndiye niliyezidisha. Ndoo hii si ya ishirini, mama, iangalie! Ni nusu. Nilisema kumi bila kuitazama, nilikuwa nakimbilia shule. Ilitakiwa vitano." Machozi yakaanza kumtoka. "Nimejua sasa hivi nilipoishika. Na nilitaka kunyamaza."

Mama aliitazama ndoo. Aliitazama kwa muda mrefu, kama mtu anayeonyeshwa kitu kigeni nyumbani mwake. Kisha mama akafunga pakiti, akamgeukia kaka.

"Kimbia dukani. Mwambie Mama Dawa tumewapa mara mbili. Mwambie hivyo hivyo, usipindishe neno."

Wakati kaka amekwenda, mama na binti yake walimwaga maji yote ya dawa shimoni na kuosha vyombo, wakaviosha tena. Kikokotoo alisugua mpaka vidole vikamuuma, huku akisikiliza kama kuna sauti yoyote ndani ya banda. Hakukuwa na sauti.

Mama Dawa aliingia akihema, koti jeupe halijafungwa vifungo.

"Shikamoo," Kikokotoo alimsalimu kwa sauti ndogo.

"Marahaba, mwanangu." Alikwisha kuinama. Alimshika kifaranga mmoja, akamfungua mdomo, akamtazama macho. Akachovya kidole kwenye tone lililobaki ukingoni mwa ndoo, akalionja, akakunja uso. "Maji machungu namna hii hata mimi nisingekunywa. Hawa wameumizwa na kiu kuliko dawa. Leteni maji safi, tieni sukari kidogo sana. Kila mmoja achovywe mdomo kwa mkono. Mmoja mmoja. Dawa leo basi."

"Watapona?" mama akauliza.

"Wakinywa, watapona. Wasiponywa, sitakudanganya."

Wakaanza. Kikokotoo alimchukua yule aliyeanguka kiatuni kwake. Alikuwa mwepesi, na moyo wake mdogo ulikuwa unapiga haraka ndani ya kiganja. Akamchovya mdomo, akamwinua. Hakuna kitu. Akamchovya tena. Maji yakamchuruzika kifuani. Alisubiri huku ameuma mdomo wake mwenyewe, akijilaumu kimoyomoyo kwa kila kifaranga aliyelala juu ya gunia. Kwa mara ya tatu kifaranga aliinua shingo, akafumba macho, akameza.

"Amemeza!" akapiga kelele. "Mama, amemeza!"

"Usimshangilie, mpe tena," Mama Dawa akasema, lakini uso wake ulikuwa umelegea.

Walichovya vifaranga mpaka jua likapoa. Wengine walikunywa mara moja, wengine walihitaji kubembelezwa, na wawili zaidi walikufa mikononi mwa mama. Kisha mmoja akatembea mwenyewe hadi kwenye chombo. Wa pili akamfuata, wakaanza kusukumana. Yule mlafi akapanda juu ya wenzake kama kawaida yake. Mama aliposikia zile kelele za kugombania maji, alikaa chini pale pale kwenye maranda, akajifuta uso kwa pindo la kanga.

"Mama Dawa, unisamehe," akasema. "Nilikuwa nimeshajifunga kanga nije nikutukane dukani kwako."

"Ungenikuta," Mama Dawa akajibu. "Na mimi mdomo ninao." Wote wakacheka kidogo, kicheko cha watu waliochoka. Kisha akamgeukia Kikokotoo. "Wewe ndiye yule binti wa hesabu? Wanakuitaje vile?"

Kikokotoo akainamisha kichwa. "Kikokotoo. Lakini silitaki tena hilo jina."

Mama Dawa akaingiza mkono mfukoni mwa koti, akatoa kikokotoo chake cha dukani, kimefutika namba kwa kubonyezwa. "Unakiona hiki? Sikumbuki siku kilipokosea. Lakini nikikiambia ndoo ni ya ishirini, chenyewe kinakubali. Hakina macho ya kuitazama ndoo. Hakiwezi kuniambia, 'Subiri, hapa pana kitu sikielewi.' Watu wakikuita kikokotoo wanasifu kasi yako, na kasi hiyo ni ya kweli, usiitupe. Ila wewe una macho, na una mdomo wa kuuliza. Vitumie kwanza, ndipo uhesabu."

"Na mimi nina langu," mama akasema. Ilikuwa mara ya kwanza kumtazama binti yake usoni tangu mchana. "Ndoo hiyo naibeba kila siku, na bado nilikuuliza ya ishirini. Kukosea tumekosea wote. Lakini ningetia vile vijiko vingine, mwanangu, saa hizi tusingekuwa na kifaranga hata mmoja. Najua haikuwa rahisi kusema mbele yangu. Ukikosea tena, na utakosea, niambie mapema vile vile, hata kama nimekasirika."

Kikokotoo akaitikia kwa kichwa.

Kesho yake asubuhi dawa ilitakiwa kuanza upya. Vifaranga walikuwa wanalia kwa kiu, kaka alikuwa anahimiza kwamba shule inakaribia kuanza, na mama alisimama na kijiko mkononi.

"Haya, vijiko vingapi?"

"Sijui, mama," Kikokotoo akasema. Alikuwa amechuchumaa na chupa tupu ya lita moja, anajaza maji na kuyamimina ndooni, chupa baada ya chupa. "Bado napima."

"Utachelewa, wewe!" kaka akasema.

Mama akamnyamazisha kwa mkono, akavuta kigoda, akaketi kando ya ndoo.

"Pima, mwanangu," akasema. "Tunakusubiri."