Nukta Ambayo Ikra Alikataa Kuisogeza

Kila siku ya soko, kengele ya mwisho ilipolia katika shule ya Wabera, Ikra alipitia soko la mifugo kabla ya kwenda nyumbani. Huko alimtafuta mjomba wake Abdimajid, dalali wa mbuzi.

"Salaam aleikum, mjomba. Beberu wa wastani leo ni bei gani?"

"Aleikum salaam. Elfu nne tu. Ukame umetumaliza."

Kesho yake Ikra alitia nukta kwenye grafu iliyobandikwa ukutani darasani, na rafiki yake Kendi akaiunganisha kwa rula na nukta iliyotangulia. Walikuwa wakiiandaa kwa ajili ya maonyesho ya hisabati.

Mstari wa bei ulikuwa umeteremka kwa miezi. Ulifika elfu nne, ukapanda hadi elfu sita, ukashuka tena hadi elfu nne. Siku ya soko iliyofuata ulianza kuinuka. Mwalimu Mutea aliutazama akatabasamu.

"Bei imegonga sakafu mara mbili. Umbo hili linalofanana na herufi W huonyesha kwamba bei iliyokuwa ikianguka huenda inageuka." Akachora mstari mlalo kwenye elfu sita, pale kwenye kilele cha katikati. "Huu unaitwa mstari wa shingo. Bei isipouvuka, umbo halijakamilika."

Nyumbani, mama yake Ikra, Khadijo, hakuyachukulia hayo kama mchezo wa shule. Yeye na wanawake wenzake wa chama chao cha kuweka akiba walikuwa na fedha za kununua mbuzi wa kuuza baadaye. Mwaka uliopita walinunua mapema, bei ikazidi kuporomoka, nacho chama kikakaribia kuvunjika.

"Tutakuja kwenye maonyesho," alisema. "Grafu yenu ikituonyesha bei imegeuka, tutanunua."

"Sawa, hooyo," Ikra alimjibu mama yake kwa Kisomali.

Siku moja kabla ya maonyesho, bei ilikuwa elfu tano na mia nane. Kendi aliikazia macho ile nukta iliyokaa chini kidogo tu ya mstari wa shingo.

"Tuipandishe," alinong'ona. "Ni unene wa ukucha tu. Waamuzi watapenda umbo lililokamilika, na wiki ijayo bei itavuka tu."

Ikra aliutamani ushindi kuliko kitu chochote. Alishika kifutio, mkono ukafika kwenye karatasi. Kisha akawafikiria akina mama wale, wakitoa akiba yao yote kwa kuamini nukta moja. Akakiweka kifutio chini.

"Wacha ikae hapo, Kendi. Hapo ndipo bei ilipo."

Siku ya maonyesho, mwamuzi mmoja aliuliza, "Kwa hiyo bei ya mbuzi imegeuka?"

Wanawake wa chama walisimama nyuma ya mwamuzi, wakingoja jibu. Ikra aliigusa nukta ya mwisho kwa kidole.

"Bado hatujui. Imekaribia, lakini haijavuka mstari wa shingo. Anayenunua leo anabahatisha."

Mwamuzi aliandika kitu, akasogea kwenye kazi iliyofuata. Walipata nafasi ya tatu, na Kendi akanuna njia nzima ya kurudi nyumbani. Mama Khadijo naye aliwaambia wenzake, "Basi tunangoja."

Siku ya soko iliyofuata, bei ilianguka hadi elfu nne na nusu. Kendi aliposikia, kinyongo chote kilimtoka.

"Tungewaponza," alisema polepole.

Kisha mvua ikanyesha. Nyasi zikachipua kutoka Leparua hadi Oldonyiro, na wafugaji wakaacha kuuza kwa pupa. Bei ikapanda hadi elfu tano na nusu, kisha elfu sita na mia nne. Ikra alikimbia nyumbani, viatu vimejaa matope.

"Hooyo, imevuka."

Chama kilinunua mbuzi, kikawanenepesha, kikawauza kwa elfu tisa kila mmoja. Wanawake wakaja shuleni wakiimba, wamebeba madumu ya maziwa ya ngamia kwa ajili ya darasa zima. Mwalimu Mutea aliwaita Ikra na Kendi mbele ya gwaride la wanafunzi, akamwomba Mama Khadijo aseme neno.

"Wanangu," alisema, "kuna mtu huuliza swali huku ameshajichagulia jibu. Huyo hujidanganya mwenyewe, kisha huwadanganya na wanaomwamini. Wasichana hawa walikubali kusema 'bado hatujui' mbele ya watu wakati uongo mdogo ungewapa sifa. Ukweli wao ulitufundisha kusubiri, na kusubiri kumetulipa. Semeni kweli, hata inapowanyima zawadi."

Vigelegele vikapaa, na Kendi, aliyekuwa ameinamisha kichwa, akauinua mkono wa Ikra juu ili shule nzima iuone.