Waliolia Ukumbini

Jirani zangu, niwasimulie nyumba mbili. Msinitazame hivyo, mtaa upi hauna nyumba kama hizi?

Ilikuwa Jumamosi tulivu. Fundi cherehani alikuwa barazani akipinda gauni jeupe, na binti yake wa miaka kumi na saba amesimama kigodani kupimwa. Shule ilikuwa inaigiza tamthilia ya kale ya vijana wawili wapendanao, watoto wa koo zenye uhasama, wanaokufa kwa sababu barua moja haikufika. Binti ndiye msichana wa mchezo.

"Na kijana ni nani?" baba aliuliza, pini mdomoni.

"Mtoto wa jirani, baba."

Pini zilimdondoka. Jirani huyo ni mwokaji mikate. Miaka tisa nyumba hizo hazikuwa zimesalimiana, kisa maji ya paa la mmoja yalimwagikia mlango wa mwenzake. Naam, maji ya mvua.

"Ni maigizo tu, baba."

"Hata kwa maigizo, usimzoee."

Siku ya onyesho Fundi alikaa kulia, mwokaji na mkewe kushoto. Barua ilipopotea, mke wa mwokaji aliangua kilio. "Ujumbe mmoja tu, jamani. Mtu anashindwaje kufikisha ujumbe mmoja?" Fundi naye alijifuta machozi kwa utepe wa kupimia uliokuwa shingoni.

Wiki mbili baadaye Fundi alisikia kwamba wawili hao wanapendana kweli na wameahidiana kuoana wakimaliza chuo. Hakumuuliza binti hata neno. Alimpeleka kwa shangazi yake, mwendo wa saa tano. Kijana alipompigia kumsihi, Fundi alizima simu, akaitupa kabatini.

Siku ya sita tumbo lilimshika binti. Hospitalini walisema lazima apasuliwe, ila damu ya kundi lake ni adimu na akiba imekwisha. Baba yake anayo. Shangazi alimpigia kaka yake mpaka akakata tamaa. Ndipo binti, kwa sauti ya kukatika, akamtajia namba ya duka la mikate, naye shangazi akapiga.

"Mwambieni kaka yangu, fundi jirani yenu, aje leo leo. Mtoto anahitaji damu yake."

Mke wa mwokaji alimgeukia mumewe. "Nimpelekee?"

"Tangu lini sisi tukawa matarishi wao? Wakitaka habari wanunue redio."

Mke akacheka, akarudi kukanda unga.

Asubuhi alimsimulia mwanawe, kama mzaha. Kijana alitoka mbio bila viatu, akaupiga ngumi mlango wa Fundi.

"Mzee wangu, fungua. Nina ujumbe wa hospitali."

"Ondoka. Leo umekuja na hila gani?"

"Nisikilize neno moja tu, mzee."

"La kwenu sisikilizi hata nusu."

Fundi akaketi, akaikanyaga cherehani kwa nguvu ili kelele zake zimeze sauti ya nje. Alishona mshono mrefu, ulionyooka, hadi kijana akapoteza sauti.

Adhuhuri gari la hospitali lilisimama. Shangazi alishuka, akamkuta kaka yake mlangoni.

"Mbona hukupokea simu, kaka?"

Nyuma yake wahudumu waliteremsha mwili wa binti.

Makaburini nyumba hizo mbili zilisimama pande mbili, na hadi leo kila moja inaitaja nyingine kuwa ndiyo iliyoua. Mtihani ulipofika, swali la tatu liliuliza nini kiliwaua vijana wa tamthilia. Darasa zima liliandika "bahati mbaya", kama walivyofundishwa. Mtoto wa mwokaji alirudisha karatasi tupu.

FUNZO

Bahati mbaya haijawahi kumzuia mtu asifungue mlango. Wazazi, kumlilia mtoto wa jukwaani hakuna gharama, kwa kuwa hatawaomba msamehe mtu. Aliyelia ukumbini akarudi nyumbani na chuki yake nzima, huyo hakuelewa mchezo hata kidogo. Na nyumba hizi mbili, ndugu zangu, hata zikielewa sasa, kuelewa hakumrudishi mtu.