Sambari ya Mama Meena

Shule zilikuwa zimefungwa, na kazi za Esha za asubuhi zilikuwa zile zile: kufagia uwanja, kuosha vyombo, kuwafungulia kuku, kisha kupita kwa jirani kuuliza kama ana lolote la kumtuma. Walikaa Rasbura, mjini Lindi. Mama yake, Mwanaheri, alikuwa fundi cherehani na alishonea barazani. Baba yake, Yasini, alikuwa na shamba la mbaazi huko Rondo, na kwa kuwa mvua zilikuwa zimekaribia, siku nyingi alishinda na kulala huko akitayarisha shamba.

Jirani mwenyewe aliitwa Mama Meena. Alitoka kusini mwa India pamoja na mumewe, aliyekuwa fundi wa mashine katika kiwanda cha korosho. Binti yao Meena walimwacha kwa bibi yake ili asikatishe masomo. Kiswahili chake Mama Meena alikipata pale pale barazani kwa Mwanaheri, katikati ya vitambaa na vifungo, na hata alipokosea hakuona haya kuuliza.

Chakula alichokipenda kuliko vyote ni sambari. Huo ni mchuzi mzito wa mbaazi zilizokobolewa na kupasuliwa, unaotiwa ukwaju na mboga za kila namna: bamia, biringanya, hata maganda mabichi ya mlonge. Mama Meena alizoea kusema kwa kicheko kwamba mbaazi husafiri kutoka Lindi zikiwa zimevaa, zikaenda kwao, kisha zikarudi dukani zimevuliwa nguo.

Esha alipenda kumtazama akipika, lakini ukweli ni kwamba alipenda mwisho tu. Mwanzoni, mbaazi zilipokuwa zikichemka taratibu, yeye alikuwa nje anacheza rede na rafiki yake Jenipher. Alirudi mbio aliposikia mafuta yanapata moto, ili aone punje za haradali zikirukaruka kwenye kikaango na majani ya mchuzi yakitoa harufu yake. Kwake yeye, hiyo ndiyo ilikuwa sambari.

Basi wiki hiyo Mama Meena aliugua malaria. Dawa alipewa, homa ikashuka, lakini chakula kikawa hakipiti. Uji aliurudisha, ndizi alizitazama tu. Mumewe alikuwa amesafiri kikazi kwenda Mtwara. Mwanaheri alipokwenda kumjulia hali, alimkuta amejifunika kanga mbili, macho yameingia ndani.

"Dada Mwanaheri," alisema kwa sauti ndogo, "kama ningepata sambari kidogo, na wali, nadhani ningekula."

Mwanaheri alirudi nyumbani akiwa na kopo la mbaazi za kupasua, kijaluba cha viungo na mashaka mengi. Sare za shule alizoahidi kushona zilikuwa bado, na sambari alikuwa hajawahi kuipika.

"Nipe mimi, mama," Esha alisema. "Mimi naijua."

"Unaijua kweli, au umeiona tu?"

"Naijua. Nimepika naye mara nyingi."

Mama yake alimtazama kidogo, akamkabidhi kopo.

Esha aliosha mbaazi, akazitia kwenye sufuria na maji, akabandika juu ya jiko la mkaa. Moto ulikuwa mkali. Hakujua kwamba unapaswa kupunguzwa, wala hakujua maji yanahitaji kuongezwa. Alipochungulia mlangoni alimwona Jenipher anarusha mpira peke yake, akatoka kwa dakika chache. Mchezo ukanoga, na dakika chache hizo zikawa nyingi. Harufu ya kuungua ndiyo iliyomrudisha. Mbaazi zote zilikuwa zimeshika chini, nyeusi, na hata za juu zilikuwa na ladha ya moshi.

Alisimama pale na mwiko mkononi. Barazani cherehani ilikuwa ikiendelea kulia. Angeweza kwenda kusema, "Mama, zimeungua." Lakini alikumbuka namna alivyosema "naijua", na uso ukamwaka moto kwa aibu. Alizifukia zile mbaazi kwenye shimo la takataka, akasugua sufuria kwa mchanga, kisha akaingia stoo.

Stoo kulikuwa na debe la mbaazi za baba. Yasini alikuwa amesema, "Mbaazi hizi asiguse mtu, ni za mbegu," na Esha alidhani sababu ni kwamba baba hataki zipungue. Alichota vikombe viwili, akasawazisha juu ili pasionekane shimo. Vumbi jeupe lilimpanda puani akapiga chafya.

Uani aliziosha. Maji ya kwanza yalikuwa meupe kama ya mchele, na yalikuwa na harufu kali ambayo hakuijua. Alijiambia kwamba ni vumbi la shambani. Aliyamwaga karibu na banda la kuku, akaosha tena na tena mpaka maji yakatoka safi. Punje kadhaa zilidondoka, na kuku wakaja kudonoa.

Mbaazi nzima hazikuwa na haraka ya kuiva, akatia magadi kidogo, na zikichemka akapika wali kwenye jiko la pili. Zilipolainika alizivuruga kwa mwiko, akatia manjano, mboga, maji ya ukwaju na chumvi. Mwisho akaunga kwa mafuta ya moto, haradali na majani ya mchuzi. Mara mbili alionja kwa ncha ya ulimi. Ilikuwa na uchungu kwa mbali, lakini ukwaju uliufunika.

Mwanaheri aliingia, akadondosha tone kwenye kiganja, akalamba.

"Mbona nzuri!" alisema kwa mshangao. "Haya, beba sinia la wali, mimi nabeba bakuli. Twende kabla haijapoa."

Walipopita uani walimkuta kuku mmoja amelala ubavu karibu na banda. Mbawa zilikuwa zimetanuka, shingo inajipinda, udenda unamtoka mdomoni. Mwingine alikuwa anayumba kama aliyelewa.

"Kideri kimeingia tena," Mwanaheri alisema bila kusimama. "Tutawaangalia tukirudi."

Esha alisimama. Pale alipolala yule kuku palikuwa bado pabichi kwa maji aliyoyamwaga. Aliiona punje moja ya mbaazi kwenye tope. Inawezekana ni kideri, alijiambia. Kuku hufa kwa kideri kila mwaka. Akamfuata mama yake, akigeuka kutazama banda.

Mama Meena aliposikia harufu ya haradali aliinuka mwenyewe, akaegemea ukuta. Ilikuwa mara ya kwanza kutabasamu tangu alipougua.

"Esha, umepika wewe?" aliuliza. "Ngoja nimwambie Meena kwenye simu kwamba nina binti mwingine huku."

Alinawa, akamimina sambari juu ya wali, akachanganya kwa vidole, akafanya tonge. Mkono ukaenda mdomoni.

"Usile!" Esha alipiga kelele. "Mama Meena, usile! Siyo mbaazi zako!"

Tonge lilibaki hewani. Mwanaheri aligeuka. "Unasema nini wewe?"

"Zako zimeungua. Nilikuwa nacheza." Maneno yalitoka pamoja na machozi. "Nimechukua za baba, za mbegu, zile za stoo. Zilikuwa na unga mweupe. Kuku wamekunywa maji niliyoziosha, mama. Siyo kideri."

Hakuna aliyemgombeza. Mwanaheri aliliondoa lile sinia, akakiangalia kiganja chake mwenyewe, kile alicholamba. Akatoa simu mfukoni na kumpigia mumewe.

"Yasini, mbaazi za mbegu umezitia nini?"

Sauti ya Yasini ilisikika mpaka kitandani kwa mgonjwa. "Nimezichanganya na dawa ya wadudu. Kwa nini? Nani amezila?"

"Pakiti yake iko wapi?"

"Juu ya boriti, kwenye mfuko mweusi. Mwanaheri, nani amezila?"

Mama na binti walipanda bodaboda moja, Esha katikati, pakiti ikiwa ndani ya mfuko wa plastiki. Zahanati walimkuta nesi mmoja, aitwaye Hafsa, mwanamke mrefu asiyependa maneno mengi.

"Shikamoo," Esha alisema.

"Marahaba. Nani ameonja, na kiasi gani?"

"Mama tone moja. Mimi nimeonja mara mbili."

"Mbili kweli? Sitakupiga. Nataka kujua tu."

"Mbili kweli. Na mwingine hakula, nilimzuia."

Nesi Hafsa aliisoma pakiti kwa makini, akampigia daktari simu, akawatazama macho, akawapima mapigo ya moyo, akawaambia wanawe mikono na uso kwa sabuni.

"Nilitaka kumpa maziwa kabla hatujaja," Mwanaheri alisema. "Au nimtapishe."

"Umefanya vema kutofanya lolote kati ya hayo," Nesi Hafsa alijibu. "Mtu akila sumu, usimpe maziwa, usimtie kidole kooni. Mlete haraka, na ulete pakiti. Pakiti ndiyo inayotuambia tumtibu vipi."

Waliwekwa kwenye kitanda kimoja mpaka jioni. Esha alipata kichefuchefu na maumivu ya kichwa, kisha yakapoa. Mwanaheri hakupata kitu. Kabla ya kuwaruhusu, Nesi Hafsa alisimama mbele yao.

"Mmeonja kidogo, ndiyo maana mnarudi nyumbani," alisema. "Mgonjwa yule, aliyekaa siku kadhaa bila kula, angemaliza sahani nzima. Sijui kama tungemuwahi. Chakula hicho asipewe mtu wala mnyama. Kifukieni mbali na kisima, na kuku waliokufa msile."

Yasini alifika usiku ule ule kwa gari la mizigo, viatu vimejaa udongo wa Rondo. Esha alijiandaa kupigwa. Baba yake alikaa kwenye mkeka, akamvuta karibu.

"Nilisema msiguse, sikusema kwa nini," alisema. "Na mbegu zenye dawa nimeziweka kwenye debe la chakula, bila alama. Hilo kosa ni langu, na kesho nitalirekebisha. Lakini kusema unajua kitu usichokijua, hilo ni lako."

"Ndiyo, baba."

"Basi kila mtu abebe lake."

Asubuhi Yasini alihamishia mbegu kwenye pipa lenye kufuli, akachora fuvu kwa rangi nyekundu. Esha alifukia kuku watatu. Kisha akaenda mwenyewe kwa Mama Meena, akasimama mlangoni, asijue pa kuweka mikono.

"Mama Meena, sijui kupika sambari," alisema. "Najua kuunga tu. Nilidanganya. Naomba unisamehe."

Mama Meena alivuta kiti, akakaa. Wakati wa usiku alikuwa amefikiri mengi kuhusu lile tonge na kuhusu mwanawe aliye mbali, na hasira ilikuwa haijamwisha yote.

"Niliogopa sana, Esha," alisema. "Bado naogopa kidogo. Nenda dukani kwa Bakary ukalete mbaazi za kupasua. Leo nitakaa hapa kwenye kiti, nikuangalie tangu mwanzo."

Siku hiyo Esha hakutoka jikoni. Jenipher alimwita mara mbili, akajibu kwa kutikisa kichwa. Alipunguza moto, akaengua povu, akaongeza maji ya moto kidogo kidogo. Alipofika mahali asipojua, aliuliza. "Uwatu kiasi gani?" "Ukwaju sasa au baadaye?" Mama Meena alijibu kutoka kwenye kiti. Wakati mmoja usingizi ulimpitia, na Esha akasubiri aamke badala ya kubahatisha.

Mwanaheri aliacha cherehani akaja kukaa nao. Sambari ikapakuliwa. Mama Meena alitia kidogo mdomoni, akatafuna polepole, nyusi zikakunjamana.

"Kuna kitu kimeungua?" aliuliza.

Mwanaheri alimtazama binti yake.

"Punje za giligilani," Esha alisema. "Wakati nazikaanga niligeuka kutafuta kifuniko, zikapitiliza. Nilizitia hivyo hivyo. Nilipaswa kukwambia."

Mama Meena alikisogeza kiti chake karibu na sinia.

"Sikiliza, mwanangu," alisema. "Kila mpishi huunguza. Mimi mama yangu aliniambia nimeunguza nusu ya mavuno ya kijiji. Chakula kilichoungua ninaweza kula. Nisichoweza kula ni chakula ambacho aliyekipika ananificha kilichomo. Jikoni watu wanakuamini na uhai wao, hata kama hawasemi."

"Nimeelewa," Esha alisema.

"Haya, niongezee wali," alisema Mama Meena, akafanya tonge kubwa, akala.