Mwalimu Wako au Mdogo Wako?

Kila asubuhi, kabla ya chai, Larissa alipangusa viatu vya mama yake. Vilikuwa vyeusi, vya kamba, kisigino kimoja kimelika kuliko kingine, na udongo wa njia ya Rubona ulipenda kujificha kwenye mshono. Aliutoa kwa kijiti, akapaka mafuta kidogo, akaviweka mlangoni vikitazama nje. Kutoka ziwani ilipanda harufu ya shayiri ya kiwanda cha bia. Mama yake, Mwalimu Drocella, alikunywa chai akiwa amesimama, kama kawaida yake.

"Leo vinang'aa kama vya mkuu wa shule," Larissa alisema.

"Bado, mwanangu. Tungoje mahakama."

Mkuu wa zamani wa shule aliyofundisha mama yake, na aliyosoma Larissa, alikuwa amestaafu. Walimu wawili wa shule hiyohiyo, Drocella na Valentin, walifanya mtihani wa kugombea nafasi yake, na alama zao zikakaribiana sana. Tangazo lilisema kwamba alama zikikaribiana, atangulizwe aliyefundisha miaka mingi zaidi. Hapo ndipo mambo yalipokwama. Ukihesabu miaka ya hapa Gisenyi peke yake, Valentin alimzidi Drocella kidogo. Ukiongeza ile aliyofundisha Goma, ng'ambo ya mpaka, akiwa msichana, Drocella alimwacha mbali. Lakini shule ile ya Goma ilifunikwa na lava ya volkano, madawati, karatasi na yote. Wakubwa wakamwambia hana ushahidi, wakampa Valentin kazi, naye Drocella akaenda kushtaki. Mahakama ikasimamisha uteuzi mpaka kesi iishe.

Darasani Shema, aliyekaa dawati la nyuma, hakuacha kumchokoza Larissa. "We Larissa, ile miaka ya mama yako bado iko chini ya mawe? Mwambie achukue sururu."

Wenzake wakacheka. Larissa akajifanya anachonga penseli.

Juma la kesi, mama yake alimtuma mpakani, kwenye kivuko cha Petite Barrière, akamkumbushe Mama Nyirasafari, shahidi pekee aliyepatikana, siku ya kwenda mahakamani. Alimkuta amekaa kando ya beseni la nyanya, akingoja kuvuka kwenda Goma.

"Mutoto ya Drocella, kuya hapa. Mama iko muzuri?"

"Yuko salama, mama mkubwa. Siku ile utasema nini?"

"Nitasema yenye niliona. Nilikuwa nauzisha maandazi ku mulango ya masomo. Kila asubuyi mudogo yangu anapita, chaki mu mukono, ananisalimia. Ni ile tu."

Larissa akaona maneno hayo ni machache mno. Kumwona mtu akipita langoni ni kitu gani mbele ya jaji? Akachutama, akanong'ona, "Mama mkubwa, sema alikufundisha. Watakusikia zaidi."

"Mi? Lakini minamuzidi miaka, mutoto."

"Hata watu wazima husoma. Tafadhali. Ila usimwambie mama."

Nyirasafari aligeuza nyanya moja mkononi, akatazama upande uliooza, akairudisha. "Bon. Kama itamusaidia."

Siku ya kesi ilikuwa ya likizo ya shule, Larissa akaruhusiwa kukaa benchi la nyuma. Nyirasafari alikuja na kitenge chake cha kanisani, bado kina mikunjo ya sandukuni.

"Huyu alikuwa mwalimu yangu," alisema kwa sauti kubwa.

Drocella akageuka kumtazama. Jaji, mama mmoja mwenye miwani, akauliza, "Alikufundisha nini?"

"Kusoma. Na hesabu."

"Na darasani ulimwitaje?"

"Nilikuwa namuita mudogo yangu, kama siku zote."

Watu wakacheka. Hata Valentin aliinama kuficha kicheko. Jaji peke yake hakucheka. "Mama, huyu ni mwalimu wako au ni mdogo wako?"

 Macho ya Nyirasafari yalizunguka chumba mpaka yakamkuta Larissa, yakabaki hapo. Larissa aliinuka kidogo, akaketi tena. Na angesema nini?

"Mwalimu Drocella," jaji alisema, "ulimfundisha mama huyu?"

Drocella alitazama viatu vyake. Neno moja tu lilitakiwa, na kila mtu alilisubiri.

"Hapana, mheshimiwa. Alikuwa akiuza maandazi langoni. Aliniona nikipita kwenda kufundisha."

"Basi hilo ndilo alilopaswa kusema. Sasa siwezi kujua lipi katika maneno yake nilishike." Ushahidi wote ukawekwa kando.

Njiani, karibu na ziwa, Larissa alishindwa kujizuia. Akaeleza yote, na machozi yakamtoka. "Turudi, mama. Nitamwambia jaji ni mimi."

"Nami nitamwambia nini? Kwamba safari hii tusadikiwe?" Drocella alimpangusa uso kwa ncha ya kitenge. Hakumgombeza, na hilo liliuma zaidi.

Hukumu ilipotoka, Valentin alithibitishwa kuwa mkuu wa shule. Drocella alikuwa wa kwanza kumpa mkono, mbele ya wanafunzi wote. Shema alitazama chini, hakuchokoza mtu.

Kesho yake Larissa alipangusa viatu kama kawaida, akaviweka mlangoni. Hakusema vinang'aa kama vya nani. Mama yake akaketi, jambo ambalo hakulizoea asubuhi, akamvuta karibu.

"Sikiliza, Larissa. Ukweli wetu ulikuwa mdogo: mwanamke langoni, msichana mwenye chaki. Labda usingetosha, hatutajua kamwe. Lakini ulikuwa wetu. Ulipouongezea uongo ili ukue, uongo huo ukauchukua wote. Siku nyingine ukiwa na ukweli mdogo, upeleke hivyohivyo ulivyo."

"Na miaka yako ya Goma, mama?"

"Niliifundisha," Drocella alisema, akifunga kamba. "Haya, chukua mkoba wako. Mkuu wetu mpya hapendi wachelewaji."